Vikosi vya ngoma na buruji vya Uholanzi: maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Wanaouliza ni wa aina tatu: waliokutana na video mtandaoni wakabaki midomo wazi, wapigaji wa bendi za shule na za kanisa wanaotaka kujua wenzao wanafanyaje, na wazazi wanaoishi Uholanzi ambao mtoto amerudi nyumbani na fomu ya kujiunga. Kila jibu linajitegemea. Pale ambapo jambo limeelezwa kwingine, utaelekezwa huko.

## Mambo ya msingi

Kikosi cha ngoma na buruji ni nini hasa?

Ni bendi ya gwaride yenye makundi matatu tu: vyombo vya shaba vya kupuliza, ngoma na vyombo vingine vya kupiga, na wacheza bendera. Hakuna filimbi, hakuna klarineti, hakuna saksofoni.

Kikosi huandaa onyesho moja la dakika kama 10 hadi 12, hulifanyia mazoezi miezi na miezi, kisha hulipeleka uwanjani mbele ya majaji. Msimu mzima ni onyesho hilo hilo, likirekebishwa wiki hadi wiki. Wapigaji hawasimami: wanatembea, wanarudi kinyumenyume, wanakimbia, na muziki hauruhusiwi kutetereka.

Kina tofauti gani na bendi ya polisi au ya jeshi?

Bendi ya jeshi hutumikia sherehe: wimbo wa taifa, ukaguzi wa gwaride, mapokezi ya mgeni wa heshima. Uholanzi nayo inazo. Wanamaji wanaopigana nchi kavu, jeshi lililoundwa mwaka 1665, wana kundi lao la wapiga ngoma na filimbi hadi leo. Kikosi cha ngoma na buruji ni cha raia, na kipo kwa ajili ya mashindano. Sare imebaki na harufu ya kijeshi kidogo, ingawa siku hizi hata hiyo imepungua. Wengi huvaa mavazi yanayofanana zaidi na ya jukwaa la dansi.

Ni vikosi gani vinavyojulikana?

Jubal cha Dordrecht ndicho jina la kwanza utakalotajiwa, kwa sababu kimekuwa bingwa wa Ulaya mara nyingi. Beatrix cha Hilversum nacho ni jina kubwa, na kuna Juliana cha Middelburg, kusini magharibi kwenye visiwa vya Zeeland. Usivichanganye na bendi za maonyesho kama Adest Musica ya Sassenheim au Advendo ya Sneek. Hizo ni hodari kweli kweli, ila zinafuata mila nyingine na kanuni nyingine.

Mbona vinaitwa kwa majina ya watu?

Juliana alikuwa malkia kuanzia 1948 hadi 1980, akafuatwa na binti yake Beatrix hadi 2013. Chama cha muziki kujipa jina la familia ya kifalme ni jambo la kawaida sana nchini humo.

Jubal ni yule Yubali wa Mwanzo 4:21, baba yao wote wapigao kinubi na filimbi. Majina ya Biblia ya namna hii yamejaa kwenye vyama vya miji ya Kiprotestanti, na Dordrecht ina Uprotestanti wa kina: ndipo ulipokaa ule mkutano mkuu wa kanisa wa 1618 na 1619 ambao Wakristo wa madhehebu ya Reformed duniani kote bado wanautaja.

## Historia

Mtindo huu ni wa Uholanzi au wa Marekani?

Onyesho ni la Marekani, chama ni cha Uholanzi. Ukilishika hilo, karibu kila jibu lililobaki kwenye ukurasa huu litakuwa rahisi.

Uholanzi ilikuwa na wapiga ngoma wa mitaani karne nyingi kabla ya kusikia habari za mashindano ya Kimarekani. Ukienda Rijksmuseum mjini Amsterdam, ukasimama mbele ya ule mchoro mkubwa wa Rembrandt wa mwaka 1642 wa walinzi wa mji, tazama upande wa kulia kabisa. Yupo mpiga ngoma, nusu ya mwili wake imekatwa na fremu, na mbwa anamfokea. Walinzi hao walikuwa raia wenye silaha, na ngoma ndiyo iliyowaita na kuwapanga.

Upande wa Marekani, vikosi vya ngoma na buruji vilishamiri baada ya Vita Kuu ya Kwanza. Askari waliorudi nyumbani walianzisha American Legion, chama cha maveterani, mwaka 1919, na matawi yake yakaunda vikosi vya kushindana. Buruji za kijeshi zilipatikana kwa bei nafuu, vijana walikuwepo, viwanja vilikuwepo. Mwaka 1972 vikosi vilivyochoka kuamuliwa mambo na vyama vya maveterani vilifanya ubingwa wao wenyewe wa kwanza huko Whitewater, jimbo la Wisconsin, chini ya chombo kipya, Drum Corps International, kwa kifupi DCI. Bingwa alikuwa Anaheim Kingsmen wa California.

Kwa nini mji mdogo wa Uholanzi una bendi tatu au nne?

Sababu ni jinsi Waholanzi walivyoishi kwa sehemu kubwa ya karne ya 20. Mkatoliki alikuwa na shule yake, gazeti lake, chama chake cha wafanyakazi, timu yake ya mpira na bendi yake. Mprotestanti vile vile, na msoshalisti vile vile. Watu waliishi mtaa mmoja bila kushirikiana kitu. Hilversum, mji wa Beatrix, uliliona hilo kuliko mji mwingine wowote, maana ndiko mashirika ya redio yalikokuwa: la Wakatoliki kivyake, la Waprotestanti kivyake, la wasoshalisti kivyake.

Kuta hizo zilianza kubomoka miaka ya 1960. Bendi hazikufa, ila zilipoteza sababu yake ya zamani ya kuwepo. Kama bendi si ya kanisa lako tena, kwa nini ujiunge na hii usijiunge na ile? Kwa maoni yangu, hapo ndipo mlango ulipofunguka kwa mtindo wa kigeni. Chama kilichotaka vijana kilihitaji kitu ambacho jirani yake hana.

Mtindo wa Kimarekani ulifikaje?

Kwa kusikika kwanza, kisha kwa watu. Santuri na kanda za mashindano ya Marekani zilizunguka mikononi mwa wapenzi, Waingereza wakaanza kuunda vikosi vyao, na kati ya mwisho wa miaka ya 1970 na miaka ya 1980 vyama kadhaa vya Uholanzi vilivyokuwa bendi za ngoma za kawaida vikageuka. Walihitaji buruji za ufunguo wa G, ambazo madukani Ulaya hazikuwepo, na walimu waliojua kufundisha mwendo wa uwanjani.

Kugeuka hakukuwa jambo dogo. Mwanachama wa miaka 50 aliyezoea kupiga machi za mtaani siku ya malkia aliambiwa sasa ajifunze kurudi kinyumenyume kwa ncha za vidole huku akipuliza.

Jubal kinasema kilianzishwa 1912. Inawezekanaje, kama mtindo ulifika baada ya 1970?

Kinachohesabiwa ni umri wa chama. Kisheria na kijamii, chama cha Kiholanzi kina uongozi wake, katiba yake, mkutano wake wa mwaka na kumbukumbu zake, na kinaweza kubadilisha vyombo vyote bila kuacha kuwa chama kile kile. Marekani kikosi mara nyingi huanzishwa kwa ajili ya mashindano, na mashindano yakikishinda kifedha kinakufa. Chama cha Dordrecht kimepita vita viwili vya dunia.

Kerkrade inatajwa kila mahali. Ni wapi, na kwa nini huko?

Ni mji mdogo wa jimbo la Limburg, mpakani kabisa na Ujerumani, uliokuwa wa wachimba makaa ya mawe. Tangu 1951 una mashindano ya muziki ya dunia, WMC, yanayofanyika kila baada ya miaka minne, yakiwa na vipengele vya bendi za kukaa, za kutembea na za maonyesho. Mzunguko wa 2021 ulisogezwa hadi 2022 kwa sababu ya korona. Migodi ilifungwa moja baada ya nyingine, wa mwisho mwaka 1974, lakini muziki wa wachimbaji ukabaki.

Mwaka 2000 ulifunguliwa uwanja wa Parkstad Limburg, nyumbani kwa klabu ya Roda JC. Kwa miaka mingi fainali za Drum Corps Europe, DCE, yaani mashindano ya vikosi hivi ya Ulaya, zimefanyika hapo mwezi Septemba. Majukwaa yana paa na yako karibu na nyasi, kwa hiyo sauti inakupiga kifuani.

## Vyombo

Inaitwa buruji, lakini mimi naona tarumbeta za kawaida. Kulikoni?

Uko sahihi. Buruji ya asili ni bomba la shaba lisilo na vali, vile vitufe vya kubadilisha sauti: unapata sauti chache tu, zile za askari kuamshwa asubuhi. Wamarekani waliongeza vali moja, kwa miongo wakabaki nayo, na kanuni za DCI zikaruhusu mbili mwaka 1977 na tatu mwaka 1990. Mwaka 2000 sharti la ufunguo wa G likaondolewa. Tangu hapo vikosi vingi hutumia tarumbeta, melofoni, baritoni na tuba za ufunguo wa B bapa au F, ambazo ni rahisi kununua na kuuza.

Wapo wazee wanaoapa kwamba G ilikuwa na ukali ambao haujarudi. Ukisikiliza kanda za zamani utawaelewa, ingawa pia utasikia kwamba wengi hawakuwa kwenye sauti moja. Tuba ya uwanjani hubebwa begani, mdomo wake ukielekea mbele. Ile ya kukumbatia haifai, kwa sababu sauti yote ingeenda angani.

Ngoma ni zipi?

Zinazotembea ni tatu. Ya kwanza ni snea, iliyokazwa ngozi hadi inalia kama mbao. Ya pili ni seti ya tenor, ngoma nne hadi sita zilizounganishwa kwa mtu mmoja. Ya tatu ni ngoma kubwa, ambazo kila mpigaji ana moja yenye sauti yake: msemo mmoja hugawanywa kwa watu watano, kila mmoja akipiga pigo lake na kunyamaza, nawe husikii kiungo.

Mbele ya uwanja kuna vyombo visivyotembea: marimba, vibrafoni, timpani, matoazi. Hapa Uholanzi si mnunuzi tu. Kampuni ya Adams ya Ittervoort, Limburg, hutengeneza marimba na timpani zinazotumika hadi Marekani kwenyewe.

Vipaza sauti na kinanda vinaruhusiwa?

Kwa kanuni za DCI, vipaza sauti viliingia 2004 na vyombo vya umeme 2009. Ugomvi juu yake haujaisha. Msimamo wangu: marimba ikipewa maikrofoni inapumua, mpigaji haponzi tena fimbo zake kwa kupiga kwa nguvu, lakini besi ya umeme chini ya tuba kumi ni kuwanyima wale kumi jasho lao.

## Uwanjani

Wanajuaje pa kukanyaga?

Kila mtu ana orodha ya vituo vyake, na hatua zinahesabiwa. Hatua ya kawaida imetokana na uwanja wa mpira wa Kimarekani, wenye mistari kila yadi 5: hatua 8 kati ya mstari na mstari, yaani sentimita 57 hivi kila hatua. Miguu hujifunza urefu huo hadi mtu akifunga macho anafika.

Ulaya kuna tatizo. Uwanja wa mpira wa miguu hauna mistari hiyo, hivyo lazima alama ziwekwe. Kwenye mazoezi utaona watu wakipima nyasi kwa kamba mapema asubuhi kabla ya mtu yeyote kushika chombo.

Kwa nini wapiga marimba wa mbele hawamtazami dramu meja, kiongozi anayeonyesha mapigo kwa mikono?

Swali zuri. Kutoka nyuma ya uwanja hadi mbele ni kama mita 45. Sauti husafiri takriban mita 340 kwa sekunde, kwa hiyo mpigo wa snea uliopigwa nyuma huwafikia walio mbele baada ya sekunde 0.13 hivi. Inaonekana ndogo. Lakini wimbo ukienda kwa mapigo 160 kwa dakika, robo ya pigo ni sekunde 0.09 tu. Aliye mbele akifuata mikono ya dramu meja, ambayo anaiona papo hapo, atakuwa ametangulia, na msikilizaji jukwaani atasikia vurugu.

Dawa yake ni kwamba walio mbele hawafuati macho, wanafuata masikio: husikiliza ngoma zilizo nyuma yao na kupiga pamoja na sauti inapowafikia. Naye dramu meja, ambaye watu hudhani ndiye anayeamuru kila kitu, mara nyingi hutazama miguu ya mpiga snea wa katikati na kuihamishia mikononi mwake. Mpulizaji aliye pembeni ya uwanja, yeye hufuata mikono hiyo na kufunga masikio, jambo gumu kuliko linavyosomeka.

Majaji wanahesabu nini?

Alama ni 100. Kwa kanuni za DCI, 40 ni za mvuto wa jumla, 30 za muziki, 30 za mwonekano. Zamani jaji alitembea na karatasi na kukata sehemu ya kumi ya alama kwa kila kosa aliloliona: mguu uliokosea, kijiti kilichochelewa. Mfumo huo uliachwa mwaka 1984. Ulikuwa na haki yake, ila uliwafanya watunzi waogope: anayefanya machache hukosea machache. Alama ya juu zaidi katika historia ya DCI ni 99.65, ya Blue Devils, mwaka 2014.

## Watu na fedha

Wanachama wanalipwa?

Hapana, wao ndio wanaolipa. Kila mwanachama ana ada yake, na wakufunzi wengi hupata posho ya wastani.

Basi fedha zinatoka wapi?

Ada haitoshi. Manispaa nyingi huchangia vyama vya muziki, ingawa ruzuku hizo hukatwa kila bajeti inapobana. Kisha kuna kazi za mikono: vyama huzunguka mitaani kukusanya karatasi chakavu na kuziuza, na kila vuli watoto hubisha hodi kwa majirani kuuza tikiti za bahati nasibu ya Grote Clubactie. Tikiti ni euro 3, na euro 2.40 hubaki kwa chama. Ukihamia Uholanzi, mtoto mwenye sare atakugongea.

Lazima mtu awe na umri gani?

Kwa madaraja ya vijana ya DCI ya Marekani mwisho ni miaka 21. Chama cha Uholanzi kina njia kuanzia utoto: Jubal kina Jong Jubal kwa wadogo, na mtu anaweza kukua humo humo. Kwa upande wa juu, fuata kanuni za shindano husika.

Mtoto wangu hajui Kiholanzi vizuri. Atafaa?

Atafaa. Hesabu za hatua ni namba, na msamiati wa uwanjani ni mchanganyiko wa Kiholanzi na Kiingereza ambao hata Waholanzi hujifunza upya. Wengi huanza bila kujua kusoma nota. Cha kuuliza chama ni ratiba: jioni moja au mbili za wiki, na wikiendi nzima wakati wa kiangazi. Ukikubali, ujue gari lako nalo limejiunga.

## Maswali ya pembeni

Hii si ndiyo beni yetu?

Si hiyo, ila zinafanana kwa mengi. Beni ilizuka miji ya pwani ya Kenya miaka ya 1890, watu wakichukua ngoma, shaba, sare na vyeo vya bendi za kizungu na kuvigeuza mashindano ya vyama. Vita Kuu ya Kwanza ikaisambaza bara pamoja na askari. Marini, iliyojiona ya wenye hadhi, na Arinoti, ya watu wa kawaida, zilishindana kwa namna ambayo Mkatoliki na Mprotestanti wa Limburg au Dordrecht wangeielewa mara moja (tazama swali la bendi tatu au nne). Kilichotofautiana ni karatasi ya jaji: katika beni, jaji ni mji mzima, na hoja haifungwi usiku huo.

Dutch Boy ni kikosi cha Uholanzi?

Hapana. Kilikuwa cha Ontario, Kanada, licha ya jina. Watafuta video huchanganyikiwa kila wakati.

Vikosi vya Uholanzi vinaweza kushindana Marekani?

Vinaweza, fainali za DCI zina nafasi ya vikosi vya nje. Kikwazo ni gharama: kuvusha bahari watu zaidi ya mia na kontena la marimba. Njia ya mkato ambayo vijana wengi huichukua ni kwenda mmoja mmoja, kufanyiwa usaili na kikosi cha Marekani, kulipa ada yake nzito na kulala sakafuni kwenye kumbi za shule kiangazi kizima. Wanaporudi, chama cha nyumbani hupata mkufunzi.

Mvua ikinyesha?

Uholanzi hunyesha, kwa hiyo wamejiandaa. Shaba haiogopi maji. Marimba za mti halisi huogopa, ndiyo maana za uwanjani mara nyingi huwa na vibao vya plastiki ngumu. Hatari yenyewe ni nyasi: anayerudi kinyumenyume kwa kasi na tuba begani akiteleza, huangusha mstari. Mwamuzi mkuu anaweza kuahirisha au kuruhusu kikosi kisimame na kupiga bila kutembea.

Nawaona wapi bila kununua tikiti?

Onyesho kamili linahitaji uwanja na kwa kawaida tikiti. Lakini bendi za Uholanzi, zikiwemo zile za maonyesho, hutoka barabarani siku ya mfalme, Aprili 27, na kwenye gwaride la maua la Bollenstreek, nalo la Aprili, linalotoka Noordwijk hadi Haarlem. Novemba hutoka tena kumpokea Sinterklaas, yule mtakatifu wa zawadi za watoto. Barabarani watapiga machi na nyimbo za redio. Ukitaka kusikia sehemu ya onyesho bure, ulizia mazoezi ya wazi ya Agosti na mapema Septemba, kabla ya DCE. Nenda na kiti chako, ukae upande wa mbele, mbali na tuba.